Mji Uliosogea Nyuma ya Ofisi

Jumatatu asubuhi mchumi alifungua dirisha la ofisi ya mipango ili apate hewa, akaona mji wa kwao umehamia nyuma ya maegesho ya magari. Ijumaa ulikuwa bado mwendo wa kutwa nzima kwa basi. Sasa ulikuwa pale, na kamba zake za nguo na mbuzi wake, karakana ya mjomba wake ikiwa imeegemea ukuta wa ofisi. Haukuonyesha dalili ya kuchoka.

Akateremka kusalimia.

"Shikamoo, mjomba."

"Marahaba. Mbona umekonda hivyo? Si wewe uliyeandika kwamba mafundi wakikaa karibu na wenzao hujifunza upesi? Tukaona tusogee."

Ni kweli aliandika, katika ripoti iliyomtoa jasho. Alitaka mji ule uwekewe umeme. Mjomba alikuwa akichomelea mageti kwa jenereta inayozimika kila mara, na wafanyakazi wake walikuwa wakimkimbia mmoja mmoja. Akiondoka wa mwisho, karakana ingefungwa, na jambo hilo lilimnyima mchumi raha.

Wiki haikuisha, mafundi wa jijini walikuwa wakipiga soga ukutani na wageni wao. Fundi mmoja wa kike, mwenye maneno makali, alimwonyesha mjomba namna ya kukunja bomba lisibonyee. Mjomba naye akamwonyesha ya kwake. Mageti yakaanza kupendeza, na wafanyakazi wawili wakarudi. Mchumi alifurahi hadi akasahau kula.

Akaenda kwa mkurugenzi kuomba umeme. Mkurugenzi alichungulia dirishani, akampungia mjomba mkono, kisha akaigeukia ramani ya ukutani.

"Mji huu uko mbali mno," alisema. "Nguzo hazifiki huko."

Mchana wake kiti cha mkurugenzi kikavunjika mguu. Alijiandikia ruhusa ya safari ya siku mbili, akavuka maegesho, akachomelewa kiti, akarudi keshokutwa yake akilalamikia uchovu wa njiani.

Mchumi alimweleza mjomba habari ya nguzo.

"Usijitie presha, mwanangu," alisema mjomba akifuta mikono. "Kama hatuonekani, tutasogea tena."

Asubuhi iliyofuata karakana ilikuwa ndani ya ofisi, kati ya kabati na mlango wa mkurugenzi, waya wake umechomekwa kwenye soketi ya ukutani, cheche zikiruka. Mkurugenzi aliomba njia, akapita. Kwenye ramani mji ulikuwa palepale pa zamani. Mchumi akasogeza meza yake kuwapisha wafanyakazi wa mjomba, maana siku hiyo walikuwa wamerudi wote.