Kikombe cha Bi Pua

Pale kwenye kiwanda cha maziwa walimwita Bi Pua, na jina likamkaa. Miaka kumi na tisa kila dumu la maziwa lilipita kwake: anainama, ananusa, anasema lipite au limwagwe. Tangu mwaka jana, kabla ya kusema lolote, huchemsha kwanza chai kwa maziwa hayohayo. Kila dumu, kikombe chake. Wenzake walimtania kwamba siku moja atageuka birika, naye akacheka nao. Laiti wangejua.

Ukweli ni kwamba pua yenyewe ilishakufa. Mafua makali ya mwaka jana yaliondoka na harufu zote, hata ya vitunguu jikoni kwake, na siri hiyo hakumwambia hata mumewe. Chai ndiyo iliyomsitiri, maana maziwa yaliyoharibika ukiyachemsha hukatika, yakafanya mabonge. Yakikatika, dumu linamwagwa. Ndiyo hivyo tu.

Sasa akaja binti mmoja mhandisi na pakiti mpya. Ubavuni ilikuwa na kibandiko cha buluu, ambacho maziwa yakianza kuchacha hugeuka chekundu. Kabla haijaenda madukani, alisema, lazima kibandiko kilinganishwe na pua ya Bi Pua. Akapanga pakiti sita mezani, akafunika vibandiko kwa karatasi, akazikata pembe. Chumbani hamna jiko wala birika.

Bi Pua akainamia ya kwanza. Hola, hakuna harufu yoyote. Ya pili, hola vilevile. Angeweza kubahatisha, lakini akikosea, atakayeyanywa ni mtoto wa mtu. Na kazi aliipenda jamani, jina lake ndiyo usiseme.

Akavuta kiti, akaketi. "Mwanangu, andika kwamba mimi sisikii harufu. Mwaka mzima sasa."

Akamweleza yote, mpaka ya chai, macho chini, akingoja kuambiwa avue koti la kazi. Binti akauliza hilo birika liko wapi.

Wakachemsha maziwa ya pakiti zote, moja baada ya nyingine. Ya pakiti mbili yakakatika. Binti akabandua karatasi, na vibandiko vyekundu vilikuwa vitatu. Akaichukua ile pakiti ya tatu yenye wekundu, ambayo maziwa yake hayakukatika, akainusa.

"Inanukaje?" Bi Pua akauliza.

"Imeanza kuchacha, Mama. Kidogo tu."

Bi Pua akakitazama kikombe chake. Mwaka mzima, madumu mangapi?

"Andika na hilo," akasema. "Hiyo ya tatu mimi ningeipitisha."