Bi Somoe Aliniomba Nisiliweke

Niliyoyaota usiku wa jana yalianza kwa adabu: kamera yangu ilinivutia kiti, ikanikaribisha.

"Kaa hapo anapokaa Bi Somoe," ilisema.

Nikakaa. Bi Somoe ni mbangua korosho, mmoja wa wanawake sita niliowahoji kwa ajili ya filamu ya maisha yao. Aliniambia atamtoroka mumewe, Mzee Chitanda, akajifiche kwa dada yake Newala. Kisha akanishika mkono: "Mwanangu, hilo usiliweke." Nikaitikia. Halafu nikaliweka, kwa kuwa ndipo alipoongea vizuri kuliko kwingine kote. Filamu inaonyeshwa Ijumaa, na mumewe amealikwa.

Sasa niko ghalani. Korosho zimenifika magotini na zinapanda. Kinasa sauti kinanitambalia kifuani kama mjusi, kinajibana kwenye kanga ambayo si yangu.

"Kanawe majivu mikononi," inaamuru kamera. "Yanachafua picha."

"Majivu ndiyo yanayozuia mafuta ya maganda yasiniunguze."

"Yeye ulimwambia nini?"

Nilimwambia anawe. Basi nanawa. Vidole vinaungua, vinakuwa vyeusi.

"Unatorokea wapi? Jibu kwa sentensi nzima, urudie swali ndani ya jibu."

Hiyo ni sheria yangu mwenyewe, huwaambia wote. Nabana midomo. Haisaidii, maana kinasa sauti kinajibu kwa sauti yangu: "Ninatorokea Newala, kwa dada yangu, nyumba ya pili baada ya kisima."

Nyuma ya kamera mtu anakohoa. Ni Mzee Chitanda. Anarekebisha taa taratibu, kama fundi aliyelipwa kwa siku.

"Ahsante," anasema. "Nyumba ya pili."

Ghala ni ukumbi. Watu wanapiga makofi. Naogopa hadi nasahau jina langu. Bi Somoe peke yake hapigi. Ananipita bila salamu, kidole kimoja cheusi amekinyoosha mbele.

Nikaamka jasho likinitoka. Kumekucha. Kompyuta ilikuwa wazi mezani, na kwenye kitufe cha kufuta palikuwa na alama ya kidole, nyeusi, inanuka maganda ya korosho. Bi Somoe hajawahi kuingia chumbani kwangu.

Maneno yake bado yalikuwemo kwenye filamu, sekunde arobaini na moja. Labda hakujua kwamba ukishabonyeza, kompyuta hukuuliza kwanza.

Nikaweka kidole juu ya alama ile, nikabonyeza. Ikaniuliza kama nina hakika. Nikaijibu kwa sauti, kwa sentensi nzima.