Mgonjwa Aliyelingana na Majibu Yake

Kila asubuhi, kabla chai haijachemka, simu ya Mzee Rangi ililia kama kengele ndogo na kuuliza: "Umeamkaje leo?" Chini ya swali zilijipanga sura tatu za mviringo. Moja ilicheka, moja ilifumba mdomo, moja ililia. Mgonjwa alitakiwa kugusa sura inayofanana na hali yake, na huko kliniki wangejua.

Utaratibu huo ulianza baada ya viti vingi kuondolewa kwenye ukumbi wa kliniki. Zamani Mzee Rangi alikuwa akienda mwenyewe, anavua kiatu, nesi anainama na kuutazama mguu wake, kisha anaambiwa arudi mwezi ujao. Sasa, nesi alimweleza, hakuna haja ya kuhangaika na foleni. Mgonjwa atashiriki katika matibabu yake akiwa kwake.

"Daktari wako sasa unaye mfukoni, baba," nesi alimwambia, akimrudishia simu.

"Mfukoni?" alisema Mzee Rangi. "Si atakosa hewa?"

Alikuwa fundi rangi mstaafu, mwenye kisukari cha miaka mingi na kidonda kidogo chini ya kidole gumba cha mguu wa kushoto. Aliishi na binti yake, aliyeshona vifungo vya sare kwenye karakana moja. Wenzake kazini walimwita Vifungo, jina likamfuata hadi nyumbani, mwishowe hata baba yake akalizoea.

Siku ya kwanza walijibu ukweli. Vifungo aligusa sura inayolia, kwa sababu kidonda kilikuwa kimemkesheza baba yake. Simu ikafungua maswali. Maumivu yalianza lini? Yanachoma au yanapwita? Yanapanda au yanashuka? Jana ulikula nini? Nani anakuangalia? Kila jibu lilizaa maswali mengine. Mzee Rangi hakuona herufi ndogo, hivyo binti yake ndiye aliyesoma na kujibu, kiatu kimoja mguuni na kingine mkononi. Mwisho simu ikasema: "Asante kwa kushiriki. Endelea kupumzika."

Geti la karakana lilifungwa king'ora kikishalia, na aliyebaki nje alibaki nje hadi kesho yake. Vifungo alibaki nje. Siku ya pili wakajibu ukweli tena, akabaki nje tena.

Siku ya tatu Mzee Rangi alimwambia, "Gusa inayocheka."

"Na mguu je, baba?"

"Mguu hauendi popote. Wewe ndiye unayekwenda."

Vifungo akagusa sura inayocheka. Nyota za rangi zikamwagika kwenye kioo, na maandishi makubwa yakatokea: "Hongera! Wewe ni mgonjwa wa mfano." Mzee Rangi alikuwa amepaka kuta nyingi maishani mwake, na mara nyingi mwenye nyumba alimwita pembeni kumwonyesha mahali palipobaki. Alimwomba binti yake amsomee maneno hayo mara ya pili. Kisha akamwambia awahi.

Wakaendelea hivyo, ikawa mazoea kama kunawa uso.

Jioni moja Vifungo alikuwa akianua nguo uani aliposikia hodi. Mlangoni alisimama Mzee Rangi, ila mashavu yake yalikuwa yamejaa na miguu yote miwili ilikuwa ndani ya viatu vya kufunga. Alikuwa amechana nywele.

"Nani huyo?" aliuliza Mzee Rangi kutoka kitandani.

"Ni wewe, baba."

"Basi mkaribishe, asisimame mlangoni."

Mgeni akaingia, akasalimia, akakaa. Alipopewa chai aliomba isitiwe sukari, kama ilivyoshauriwa. Mzee Rangi alimtazama kwa muda.

"Umetoka mbali?"

"Si mbali. Nimetoka kwenye majibu."

"Na mguu unakusumbua?"

Mgeni akafungua kamba za kiatu, akavua na soksi, akauweka mguu wake juu ya kigoda. Ngozi ilikuwa safi kutoka kisigino hadi kucha. Mzee Rangi akasogea ukingoni mwa kitanda, akauchunguza jinsi alivyozoea kuchunguza ukuta uliopakwa na fundi mwingine, kwa ubavu, akitafuta dosari.

"Kazi nzuri," alisema. "Hapa sina la kusema."

Mama wa mlango wa pili alipita kuomba kiberiti, akawakuta wamekaa. "Shikamoo, baba," alisema. Akageuka. "Shikamoo, baba." Kisha akamwambia Vifungo, "Wengine tunatafuta hata mmoja hatumpati, wewe umeongezewa!" Yeye ndiye aliyeanza kumwita yule wa pili Mzima, ili watu wasichanganyikiwe, na jina likamkaa.

Kuishi na Mzima hakukuwa na shida. Aliamka mapema, akafanya mazoezi ya viungo uani, akameza vidonge kwa wakati. Simu ilipouliza, alijibu mwenyewe, na Vifungo akapata nafasi ya kunywa chai amekaa. Alimheshimu Mzee Rangi, akimwita mwenzangu. Mchana walicheza karata, na Mzee Rangi aliiba waziwazi kwa sababu Mzima hakujua kushuku.

Kisha ukaja ujumbe kwamba, kutokana na maendeleo mazuri, mgonjwa hahitaji tena bandeji wala dawa ya kusafishia kidonda. Vifungo akachana shuka la zamani, akawa anafunga mguu kwa vitambaa. Kidonda kilikuwa kimeshashika kidole kizima na sasa kilikuwa kinaelekea kwenye unyayo, na chumba kilianza kunuka harufu ambayo dirisha wazi halikuiondoa.

Asubuhi moja aliamua liwalo na liwe. Aliichukua simu, akagusa sura inayolia, akakaa tayari kwa maswali yote. Simu ikafikiri kidogo. "Jibu hili halilingani na maendeleo yako," ikaandika. "Huenda umegusa kwa bahati mbaya. Tumekurekebishia." Nyota zikamwagika.

Alirudia. Ikamrekebishia tena.

"Twende wenyewe," alisema Vifungo.

Mzee Rangi hakuweza kukanyaga chini. Mzima akachuchumaa mbele ya kitanda na kuinamisha mgongo. "Panda, mwenzangu," alisema. Wakashika njia, Mzima akimbeba Mzee Rangi mgongoni, Vifungo akitembea ubavuni na kuushika mguu usigongwe na wapita njia. Simu ilikuwa kwenye mfuko wa shati la Mzima. Walipofika njia panda ililia kwa furaha.

"Wanasemaje?" aliuliza Mzee Rangi.

"Wanatupongeza kwa kutembea."

"Wanakupongeza wewe. Mimi hapa mzigo tu."

"Mzigo mwepesi," alisema Mzima, na kwa kweli alikuwa mwepesi kuliko siku zote.

Kliniki walimkuta nesi yuleyule. Juu ya meza yake kulikuwa na kioo kidogo ambacho kila anayeingia alikitazama ili atambulike. Mzee Rangi alikitazama, kikawaka nyekundu. Akafuta jasho, akatazama tena, kikawaka nyekundu tena. Mzima alipoinama kumsaidia, kioo kilimwona na kuwaka kijani.

"Karibu, baba," nesi alimwambia Mzima. Akampima presha, akamtoboa kidole akapima sukari, akamwangalia macho. "Hongera. Natamani wagonjwa wote wangekuwa kama wewe."

"Nesi," alisema Vifungo, "mgonjwa ni huyu hapa." Akafungua vitambaa.

Nesi akainama. Alikuwa ameuona mguu huo miaka mingi, kabla viti havijaondolewa. Alifumba macho kidogo, akayafumbua.

"Hiki ni cha hospitali kubwa," alisema kwa sauti ya chini. "Leo hii. Wakiwahi watakata vidole. Wakichelewa watakata mguu. Zaidi ya hapo sitaki kusema."

"Basi tuandikie twende."

"Dada, siandiki mimi. Rufaa inatoka kwenye mfumo, na mfumo hautoi rufaa kwa mtu ambaye haumwi."

"Lakini umeona kwa macho yako."

"Nimeona. Macho yangu hayana pa kujaza."

Nyuma yao watu walikuwa wakisubiri, na namba inayofuata ilikuwa inamulika ukutani. Nesi aliigeuza mashine yake, akaitazama, akairudisha. "Kuna njia moja," alisema. "Mwenye namba hii ya matibabu aseme mwenyewe kwamba anaumwa. Atamke hapa, mbele ya kioo. Rufaa itafunguka."

Wote wakamtazama Mzima. Mzima alisogea karibu na kioo na kukaa wima.

"Unajisikiaje leo?" aliuliza nesi.

Mzima alifungua mdomo. Mishipa ya shingo ilimtoka, na jasho likaanza kumdondoka kidevuni. "Najisikia vizuri," alisema.

"Jaribu tena, baba," Vifungo alimsihi. "Sema mguu unauma. Maneno mawili tu."

"Mguu," alisema Mzima. Akapumzika. "Mguu una nguvu."

Nesi akamletea zile sura tatu, labda kidole kitaweza kile ambacho ulimi umeshindwa. Mzima alinyoosha kidole kuelekea sura inayolia. Kidole kikapinda, kikateleza, kikatua kwenye ile inayocheka. Alijaribu kwa mkono wa pili. Vifungo akamshika kiwiko amsaidie kuelekeza, na hata wakiwa wawili hawakuweza.

"Mwanangu, nisamehe," alisema Mzima. "Nimetokana na ulichogusa. Hamkuniwekea mahali pa kuumia."

Vifungo akamwachia kiwiko.

"Mwacheni," alisema Mzee Rangi kutoka kwenye kiti. "Mnamtesa bure. Na mimi ningekuwa mzima ningejibu hivyohivyo."

Nesi akatoa bandeji moja kwenye mkoba wake mwenyewe, akaufunga mguu harakaharaka, vizuri, jinsi alivyoufunga zamani. "Poleni," alisema, na alimaanisha. Kisha akaita anayefuata.

Walikwenda hospitali kubwa vilevile, maana hawakujua pengine pa kwenda. Mlinzi wa getini alikuwa mpole. Aliitazama simu, akamtazama Mzima, akasema mtu mwenye afya namna ile hapaswi kukaa karibu na wagonjwa, asije akaambukizwa. Huyo wa mgongoni hakuwa na rufaa. Wakarudi, na njiani simu ililia mara kadhaa kwa furaha.

Vifungo aliacha kwenda karakana. Mzima alichemsha maji, akafua vitambaa, akapunga nzi kwa kipande cha boksi bila kuchoka. Homa ilipopanda alimshika Mzee Rangi mkono na kumweleza jinsi mguu wake mwenyewe usivyouma, kwa kirefu, kwa sababu mwenzake alipenda kusikia.

"Hata unapopanda ngazi?" aliuliza Mzee Rangi.

"Hata ngazi."

"Ngazi ya fundi? Ile ya kuegemeza?"

"Hata hiyo. Nasimama juu siku nzima."

"Enhe," alisema Mzee Rangi. "Endelea."

Alikata roho adhuhuri moja, Vifungo amemshika kichwa na Mzima bado anaeleza.

Kwenye ofisi ya makaburi, karani aliingiza namba ya marehemu, akakunja uso. "Huyu yu hai," alisema. "Amejibu leo asubuhi, na amejibu vizuri." Akainua macho, akamwona Mzima. "Si huyu hapa? Shikamoo, mzee."

"Marahaba."

"Aliyefariki ni baba yangu," alisema Vifungo.

"Sikatai, dada. Lakini namba ni moja. Nikiandika amekufa, huyu mzee atafungiwa dawa zake, na ataletwa hapa kweli." Alikuna kichwa kwa kalamu. Hakuwa mtu mbaya, na alitafuta namna. "Marehemu alikuwa anakaa kwenu?"

"Alikaa kwetu maisha yake yote."

"Basi tumwandike mgeni. Mgeni anaruhusiwa kuzikwa bila namba, mwenye nyumba akikubali."

"Mwenye nyumba ndiye yeye."

Karani alimgeukia Mzima na kumsogezea kalamu. Nje kulikuwa na joto kali, na maiti ilikuwa kivulini mwa ukuta ikisubiri. Mzima alimtazama Vifungo. Vifungo alitazama ukuta, kisha akatikisa kichwa kukubali.

"Mnaweza kuandika kwamba alikuwa fundi?" aliuliza Mzima.

"Kwa wageni hakuna sehemu ya kazi," alisema karani.

Mzima akasaini. Kaburini aliteremka mwenyewe kumpokea, akamshika mabegani na kumlaza taratibu, akageuza mguu wa kushoto usielemewe. Wachimbaji walisema mgeni huyo amefanana sana na mwenyeji wake. Mmoja aliuliza kama walikuwa ndugu.

"Tulikaa pamoja," alisema Mzima, akipanda juu.

Majirani walianza kufika kabla ya jioni. Mzima alisimama mlangoni akiwapokea, na watu walimshika mkono na kumwambia ana bahati kuwa na afya katika wakati kama huu. Mama wa mlango wa pili alikuja mwisho. Alikuwa amemfahamu Mzee Rangi tangu Vifungo akibebwa mgongoni, na mlango wake ulipakwa rangi na mzee huyo bila kuombwa. Alimshika Vifungo mikono yote miwili.

"Pole, mwanangu," alisema. Akatafuta neno la kuongezea. Alimtazama Mzima pale mlangoni, akatazama chini.

"Poleni kwa mgeni wenu."

"Tumeshapoa," alisema Vifungo, akamsogezea kigoda.