Dirisha la Jana

"Hivi, Dada Mkubwa," jirani aliuliza huku akianua nguo zake uani, "mdogo wako akishaiona kesho yote akaimaliza, wewe utabaki kuona nini?"

Dada Mkubwa alikuwa akisugua birika kwa majivu. Akajibu kwamba atabaki kuona masizi ya birika, na jirani akacheka mpaka akaangusha kibanio. Lakini swali lenyewe halikucheka. Lilipanda naye ngazi asubuhi hiyo, likakaa naye kazini kutwa nzima.

Kazi yao ilikuwa kudarizi nyakati. Chumba kilikuwa juu ya duka la viatu, kina madirisha mawili, na baba yao ndiye aliyekianzisha. Mteja anakaa kwenye kigoda, birika linachemshwa chini ya dirisha, mvuke unapanda na kutanda kwenye kioo, na ndani ya mvuke ule wakati wa mteja unajichora. Mdarizi anaunakili kwa uzi kabla kioo hakijaanza kutiririka. Nyuso hazidariziwi, maana mvuke huzivuruga, mtu akaonekana pua iko kidevuni. Watu hutambulikana kwa mavazi, na mavazi hufuatwa rangi kwa rangi. Hiyo ndiyo amri ya kwanza ya kazi. Baba aliwafundisha binti zake amri hiyo kabla hajawafundisha kutunga uzi.

Dirisha la kushoto lilionyesha yaliyopita, la kulia yajayo. Macho ya Baba yalipoingia ukungu, aliwagawia binti zake madirisha. "Mkubwa ana subira, akae la jana. Kidosho ana ulimi mtamu, akae la kesho." Kidosho ndilo jina alilopewa mdogo mtu tangu ananyonya, kwa uzuri wake, na hadi leo alikuwa hajalichoka.

Tangu hapo benchi la kulia lilijaa mpaka watu wakakaa ngazini: wachumba, wajawazito, wenye mitihani. Benchi la kushoto lilibakiwa na waliopoteza funguo na wanaogombea mipaka ya viwanja. Mama mmoja alikuja kila juma kumtazama marehemu mumewe akikata kucha. Huyo hakuwa na haraka wala maneno. Wateja wa Kidosho walipoaga walimshika mkono kwa mikono yao miwili. Dada Mkubwa walimuuliza choo kiko wapi.

Kila alfajiri alisali aondolewe kijicho. Akishamaliza kusali, hukikuta kinamngoja mlangoni pamoja na viatu.

Haya yote angeyameza, ila lilikuwapo la Ijumaa. Kila Ijumaa Baba alipandishwa ngazi. Aliyempandisha ni Dada Mkubwa, kipago kwa kipago, mzee kamwegemea uzito wote. Wakifika juu, Baba humwachia mkono, akageuka kulia.

"Njoo, kiongozi wangu," husema Kidosho. "Leo unataka kuona nini?"

"Nataka kuona nitazeekaje."

"Baba naye. Kwani bado?"

Benchi zima lilicheka, na Baba alicheka kuliko benchi.

Ijumaa moja mvuke ulitanda, na Kidosho alidarizi kimya kuliko kawaida yake. Dada Mkubwa alikuwa upande wa pili akimtafutia mtu funguo zake. Kidosho alipofunga fundo la mwisho, alikinyanyua kitambaa watu wote wakione: mzee kitandani, na pembeni yake mwanamke mwenye bakuli lenye ufa, akimlisha uji.

"Mimi huyo, Baba. Mtandio wangu wa njano huu hapa."

Baba akapitisha kidole juu ya uzi. Rangi haishikiki kwa kidole, kwa hiyo alimuuliza aliyekuwa karibu. "Eti ni njano?"

"Njano kama kiini cha yai, mzee," alijibu kijana mmoja mchumba.

"Basi atakayenilea ndiye mwenye chumba," Baba akasema. Akavua ufunguo uliokuwa shingoni mwake, akamvisha Kidosho. Watu wakapiga makofi. Dada Mkubwa naye alipiga, maana mikono yake ilishazoea kufanya yanayotakiwa.

Lakini usingizi ulimkataa. Kidosho hakuwa amewahi kupika uji usioshika sufuria. Maji ya kuoga ya Baba hakuyajua yanapashwa moto wapi. Kesho yake mchana Kidosho alipokwenda saluni, Dada Mkubwa alipandisha birika lake chini ya dirisha la kushoto, akakaa mwenyewe kwenye kigoda cha wateja, akaiomba jana.

Jana ikaja. Kidosho alikuwa ameinamia fremu. Nyuma yake lilionekana dirisha la kulia, na ndani ya mvuke wa dirisha hilo, wadogo kama punje za mtama, walikuwamo Baba na mwanamke mwenye bakuli. Mwanamke alikuwa amefunga kilemba cha kijani. Kilemba cha kijani katika nyumba ile kilikuwa kimoja tu, na Dada Mkubwa alikuwa amekifunga wakati huohuo anaotazama. Mkono wa Kidosho ulichukua uzi wa kijani, ukaupima kwenye mwanga, ukaurudisha. Kisha ukachukua wa njano.

Alichohisi kwanza kilikuwa furaha. Akamwomba Mungu msamaha kwa furaha hiyo kabla hajamaliza kuifurahia. Halafu akatunga sindano, akaidarizi jana yote, rangi kwa rangi.

Kidosho aliporudi ananukia mafuta ya nywele, akakikuta kitambaa mezani. Alikitazama kama fundi anavyotazama kazi ya fundi mwenzake.

"Mkono wangu umeupatia," alisema.

"Kwa nini, Kidosho?"

"Dada, mimi natazama mbele, wewe unanichungulia mgongoni."

"Uliyoyafanya yako mgongoni. Nichungulie wapi?"

"Haya, kamwambie Baba. Tuone kama jana ina mnunuzi."

Dada Mkubwa alikusudia kumwambia. Aliahirisha Jumapili kwa sababu ya ibada, akaahirisha Jumatatu kwa sababu ya foleni ya wenye viwanja. Jumanne miguu ya Baba ikakataa kumbeba, na kitanda kikamchukua.

Hapo kesho ya Baba ilifika jinsi ilivyokuwa imeonekana, hata ufa wa bakuli ulikuwa uleule. Dada Mkubwa alipika uji, akauchuja, akaupoza, akamlisha. Kidosho alikuwa na wateja wengi. Alipita asubuhi, ufunguo shingoni, akasimama nje ya dirisha la chumba cha mgonjwa. "Umeamkaje, kiongozi?" aliuliza, na uso wa Baba uling'aa kutwa kwa salamu hiyo moja. Dada Mkubwa aliuona mng'ao huo. Alikuwa akiufuta pamoja na uji.

Siku moja alikuja na bakuli mkono mmoja na kitambaa kwapani. Akamlisha mpaka nusu.

"Baba, nina jambo. Ni kuhusu ile darizi ya Ijumaa."

Baba akameza. "Ile rangi?"

Kijiko kikasimama hewani.

"Nilijua palepale," Baba akasema. "Kidosho hajawahi kunipa maji ya kunywa asiyamwage. Anilishe uji, huyo? Mimi sioni, lakini wanangu nawajua."

"Na ufunguo ukampa."

"Yule nisipomfunga kwa kitu ataondoka, nami nitaikosa sauti yake pale dirishani. Wewe hata ningekupa jiwe ungenilea. Ndivyo ulivyo, mama. Huendi popote."

Aliyasema kwa upole, kama mtu anayemsifu mwanawe mbele ya wageni. Kisha akafumbua mdomo kungoja kijiko.

Dada Mkubwa alimpa. Akampa na kilichofuata, mpaka uji ukafika chini ya ufa. Akamfuta kidevu. Akachukua mkono wa Baba, akauwekea bakuli na kijiko mahali utakapovifikia wenyewe, akatoka, akaenda zake.