Upande wa Pili wa Maneno

Mama Praygod alisimama mlangoni mwa kidato cha tatu akiwa amejifunga kanga ya msiba, miguu imetapakaa tope la njia ya mgombani. Wanafunzi walimwona kabla Mwalimu Efraimu hajageuka kutoka ubaoni.

“Pole sana, mama. Karibu ndani.”

“Nimeshapoa, Mwalimu. Sikai.” Alitazama dawati tupu la dirishani, akaliacha upesi. “Nimekuja kuuliza. Mwanangu alikuwa akikata majani ya ng’ombe, anasema maneno. Akikamua, anasema. Anasema, ananyamaza kama anayesubiri kujibiwa, halafu anaendelea. Mimi nilisikia upande wake tu. Nataka kumsikia na huyo aliyekuwa anamjibu.”

Mwalimu Efraimu aliweka chaki chini. Aliyemjibu alikuwa Tabitha, binti mwembamba wa dawati la mbele, na wakati huo Tabitha alikuwa ameinamisha uso juu ya mikono yake.

Maneno yenyewe yalikuwa ya tamthilia ya kale, iliyotungwa kwa ushairi mwanzo hadi mwisho: kijana anamuaga mama yake kwenda vitani. Miaka mingi wanafunzi wa shule ile, iliyojibanza katika miteremko ya Kilimanjaro juu ya mji wa Moshi, waliisoma huku wakisinzia. Msamiati uliwapiga chenga. Wengi wao walizaliwa katika Kichagga, na Kiswahili cha washairi kilikuwa kwao kama nguo ya kuazima. Ndipo mwalimu alipovitupa vitabu kabatini na kuwatoa uwanjani. Aliwafundisha kuhesabu mizani kwa visigino, wakakanyaga vumbi mpaka walimu wenzake wakachungulia madirishani. Aligawa tamthilia kurasa chache chache, akakataza mtu kuchungulia mbele, ili waishi na wale watu bila kujua litakalowapata. Darasa likawaka. Sehemu ya mwana alipewa Praygod, kijana mkimya ambaye mpaka siku hiyo hakuna aliyewahi kuisikia sawasawa sauti yake.

Kisha masika yakaja kwa hasira. Asubuhi moja Praygod alikwenda kuzibua mfereji uliokuwa unamwaga maji kihambani kwao, katika shamba la migomba, ukingo ukaporomoka, ukamfunika. Tangu mazishi, tamthilia ilikuwa imefungiwa kabatini. Mwalimu alikuwa akifundisha ngeli za nomino, na hakuna mwanafunzi aliyemuuliza sababu.

Jumamosi darasa zima lilipanda mpaka kwa Mama Praygod kumtimizia ombi lake. Walimwamkia mmoja mmoja, “Shikamoo mama,” naye akawaitikia wote kwa zamu, akiwashika mikono kwa muda mrefu kidogo kuliko desturi. Kaburi lilikuwa nyuma ya nyumba, kati ya migomba na mibuni, udongo wake ungali mwekundu na masale, mmea ambao Wachagga huupanda makaburini, yamepandwa pembeni. Wanafunzi walisimama uani. Mwenyeji aliketi kwenye kigoda mlangoni mwa banda la ng’ombe.

Walikuwa wamekubaliana kwamba mwalimu atasoma sehemu ya mwana. Wenzake Praygod walikataa katakata kuichukua. Kijana mmoja alisema afadhali afeli mtihani. Basi walianza kwa visigino, taratibu, kisha Tabitha akasogea katikati, na mwalimu akainua karatasi. Herufi zilimcheza machoni. Alikohoa, akaanza tena, akakwama palepale.

Ndipo sauti ikatoka kwenye kigoda, nzito, yenye lafudhi ya mlimani:

“Mama nipishe njiani,
usinishike begani,
nikibaki humu ndani
nani atasaidia?”

Hakukosea hata silabi. Visigino vilikuwa vimesita. Sasa vilirudi chini chini, vikimfuata yeye. Tabitha alimgeukia. Alikuwa amefundishwa kutokuacha swali la mwenzake likining’inia, akajibu:

“Sikupishi we mwanangu,
wewe ndiwe mboni yangu,
ukivuka ua wangu
nani ataitikia?”

Mama Praygod alifumba macho. “Kumbe ndivyo alivyokuwa anaambiwa,” alisema. “Mimi nilidhani anagombana na mtu.”

Waliendelea, ubeti kwa ubeti, mama akisema ya mwana na binti akisema ya mama, mpaka maneno aliyoyajua Mama Praygod yakaisha ghafla kama njia iliyokatwa na maji. Alingoja. Kisha akamtazama mwalimu.

“Mimi mwisho wangu ni hapo. Na huko mbele? Anarudi kwao?”

Wanafunzi nao walimgeukia. Karatasi za mwisho zilikuwa hazijawafikia. Praygod mwenyewe aliwahi kumsubiri nje ya ofisi, kofia mkononi, akamuuliza jambo hilohilo, na mwalimu akacheka, akamwambia avumilie, utamu uko mbele. Muda wote huo alijivunia kuwaweka watoto roho juu. Alipima kusema kwamba bado hawajafika huko. Lingekuwa jibu la kweli, na mama angelipokea.

“Harudi, mama,” alisema. “Wanaleta ngao yake tu.”

Mtu mmoja alivuta kamasi. Ng’ombe alijisugua kwenye nguzo ya banda. Mama Praygod alikaa akiutazama udongo wa uani, mikono imelala mapajani. Kisha akainuka, akakaza kanga yake kiunoni.

“Basi tusiende huko,” alisema. “Rudini pale anapoaga. Hapo alikuwa anapasema vizuri.”

Wakarudi. Safari hii alisimama uso kwa uso na Tabitha, akasema beti zote za mwanawe mpaka ule wa kuondoka. Karatasi ilisema kwamba hapo mwana anafungua mlango na kutoka. Mwalimu Efraimu alijua, na darasa zima lilijua. Mama Praygod hakutoka. Alibaki amesimama mbele ya binti, mkono wa Tabitha begani mwake, na hakuna aliyemwambia kwamba ni zamu yake kwenda.