Upande wa Dirisha

Jumatatu ya kwanza ya Machi wafanyakazi wote wa Hoteli ya Ormerod waliitwa kwenye ukumbi wa chakula, wakapewa keki. Bernadette Hesketh alipoiona keki alijua kuna jambo. Miaka thelathini na mmoja alikuwa anatandika vitanda pale, na keki alikuwa amepewa mara tatu tu. Mara zote tatu kuna watu walipoteza kazi kabla mwezi haujaisha.

Meneja, Bwana Thackray, alikuwa mwanamume wa miaka thelathini na kitu aliyeletwa kutoka Leeds, mwenye viatu vinavyong'aa na sauti ya mtu aliyezoea kupigiwa makofi. Alisimama mbele ya michoro iliyomulikwa ukutani, mistari iliyoporomoka kisha ikapanda.

"Liverpool imerudi," alisema. "Mwisho wa juma wenye mpira, hoteli za jiji hili hazina kitanda hata kimoja. Sisi Ormerod mwezi uliopita tulijaza vyumba asilimia themanini na saba. Tulianguka, tukasimama. Jipigieni makofi."

Walijipigia. Bernadette alipiga mawili, akarudisha mikono mapajani. Alikuwa akiutazama ule mstari ulioporomoka. Kwa Bwana Thackray ulikuwa mstari. Kwa Bernadette ulikuwa Noreen Lunt, amesimama mlango wa nyuma wa hoteli, Oktoba ya mwaka wa korona, ameshika mfuko wa plastiki wenye viatu vyake vya kazi.

Kabla ya korona, pale Ormerod kitanda kilikuwa cha watu wawili. Hakuna mtu aliyeandika sheria hiyo popote. Ndivyo kazi ilivyofanywa tangu enzi za mama zao. Mmoja anasimama upande wa mlango, mwenzake upande wa dirisha, shuka inapaa kati yao, inatua, kila mtu anakunja pembe zake mbili. Bernadette alikuwa wa mlango, Noreen wa dirisha. Miaka ishirini na minne hawakubadilishana. Juu ya vitanda hivyo walizungumza talaka ya Noreen, mimba ya binti wa Bernadette, kifo cha baba wa huyu na cha mama wa yule, na kila Jumatatu walitukanana kuhusu mpira, kwa kuwa Noreen alikuwa shabiki wa Everton na hakutaka kupona.

Halafu ugonjwa ukaja, hoteli ikafungwa, na ilipokaribia kufunguliwa wenye mali wakasema watu ni wengi mno. Walifanya nini? Waliichukua kila jozi wakaikata katikati, kama mtu anavyokata mkate. Walihesabu siku za kuugua. Noreen alikuwa na siku tisa, zote za bega. Na bega lenyewe aliliumizia wapi? Palepale Ormerod, Februari ya 2009, lifti ilipoharibika wiki sita na wanawake wakapandisha magodoro kwa ngazi hadi orofa ya tano. Meneja wa wakati ule aliwanunulia biskuti. Bernadette hakusahau hata aina ya biskuti.

Basi pale ukumbini alinyanyua mkono.

"Na jozi?" aliuliza. "Vyumba vimerudi, wageni wamerudi. Jozi zinarudi lini?"

"Swali zuri, Bernie."

"Bernadette."

Kuna mtu alicheka ndani ya keki yake. Bwana Thackray naye alitabasamu. Hakuwa mtu mbaya, na hilo ndilo lililomfanya awe mgumu kuchukiwa. Alieleza kwamba wenye mali kule London walikuwa wanauliza swali hilohilo. Alhamisi atapima chumba kimoja, saa mkononi. Mtu mmoja akizidisha dakika thelathini, basi kazi ni ya wawili, jozi zitarudishwa, na walioondolewa wataitwa kwanza, kwa majina.

"Nataka nimpime mtu mzoefu," alisema. "Nataka nikupime wewe."

Wakati wa mapumziko Bernadette alishuka hadi kwenye mapipa ya taka, mahali pekee penye mtandao mzuri wa simu, akampigia Noreen. Noreen siku hizi alipanga makopo kwenye duka kubwa kule Walton, zamu ya alasiri hadi usiku, kwa hiyo mmoja alipokuwa anaingia kazini mwenzake alikuwa anatoka. Tangu Krismasi walikuwa hawajaonana.

"Thelathini tu?" Noreen aliuliza.

"Thelathini. Nikipita hapo, wewe umerudi."

"Basi zubaa, shoga! Jifungie chooni dakika kumi, sema tumbo."

"Atakuwa amesimama mlangoni na saa mkononi."

"Anguka. Una miaka hamsini na tisa, nani atashangaa? Jirushe hapo chini upige kelele."

"Nikianguka mimi, nani ataniinua? Wewe na bega lako hilo?"

Walicheka mpaka Bernadette akalazimika kuegemea pipa. Kisha sauti ya Noreen ikashuka.

"Bernie, usinitanie lakini. Kweli watanirudisha? Maana nimechoka kuongea na makopo ya maharage. Naliambia kopo jambo la maana, linanitazama tu."

"Nitakwenda polepole kama konokono," Bernadette alisema. "Nakuahidi."

Alhamisi, chumba nambari 412. Wageni wawili waliokuwa wametoka asubuhi waliacha taulo sakafuni, vipande vya viazi vya kukaanga kitandani, na divai nyekundu kwenye foronya. Chumba kizuri kwa kazi aliyoikusudia. Hata malaika angekawia humo. Bwana Thackray alisimama mlangoni, akabonyeza simu yake, akasema, "Ukiwa tayari."

Choo alikiosha kwa kuburuza miguu. Alisugua bomba lililokwisha kung'aa. Alikunja taulo, akaikunjua, akaikunja tena. Alikuwa anahesabu kichwani na hesabu ilikuwa inakwenda vizuri.

Kisha akakifikia kitanda. Alivua shuka chafu, akachukua safi, akasimama upande wake, upande wa mlango, akairusha. Jua la asubuhi lilikuwa linapanda juu ya mapaa na kuingia dirishani moja kwa moja. Shuka ilipaa ikajaa mwanga, na kwa muda wa pumzi moja ile nguo nyeupe ilimficha kila kitu kilichokuwa ng'ambo. Mtu yeyote angeweza kuwa nyuma yake.

Tangu hapo hakuwa peke yake. Noreen alikuwa anamsimulia habari za mama mkwe wake aliyekalia bakuli la kitindamlo siku ya Krismasi, hadithi aliyoisikia mara mia, na Bernadette alikuwa anamjibu bila kufungua mdomo. Mikono yake ilikunja pembe mbili za mlango, miguu ikamzungusha, ikakunja mbili za dirisha. Foronya, mto, foronya, mto. Alikuwa anakimbia ili upande wa Noreen usichelewe nyuma ya upande wake, kwa sababu hawajawahi kuchelewana, hata siku ile Noreen alipotoka mazikoni moja kwa moja hadi kazini. Alipangusa vumbi, akafagia zulia, akanyoosha pazia, akageuka kumwambia mwenzake jambo.

Aliyekuwa pale ni Bwana Thackray, mdomo wazi.

"Kumi na tisa!" alisema. "Dakika kumi na tisa! Sijapata kuona kitu kama hiki maishani mwangu."

Na Bernadette alitabasamu. Lilikuwa tabasamu la nukta moja, la fundi aliyesifiwa, lakini alilihisi usoni mwake mwenyewe, na hilo ndilo alilokuja kushindwa kujisamehe.

"Nimekosea," alisema. "Pima tena."

"Hukukosea kitu! Chumba kinameremeta." Tayari alikuwa anaandika. "Nawatumia London leo hii."

Jumapili mchana alipanda basi kwenda Walton. Noreen alikuwa amepika mchuzi wa nyama na viazi, na chupa ya viazisukari vyekundu vya siki ilikuwa mezani. Alikuwa amejipaka rangi ya midomo. Alifungua mlango akiwa anacheka.

"Haya, konokono, niambie. Dakika ngapi? Arobaini?"

Bernadette alikaa bila kuvua koti. Akataja ile namba.

Noreen hakupiga kelele. Alikwenda kwenye jiko, akapunguza moto, akakoroga sufuria ambayo haikuhitaji kukorogwa.

"Kumi na tisa," alisema akiwa amempa mgongo. "Sisi wawili tulikuwa tunamaliza kwa kumi na tano."

"Noreen..."

"Ngoja nihesabu. Kwa hiyo mimi, miaka ishirini na minne, nilikuwa dakika nne."

"Haikuwa hivyo. Nilikuwa nawe mle ndani. Nilirusha shuka nikakuona, nikawa naona aibu kukuchelewesha. Ni wewe uliyenikimbiza."

"Mimi nilikuwa kitandani kwangu nimelala, Bernie. Nimetoka zamu." Aligeuka. Macho yake yalikuwa makavu, na hilo lilikuwa baya zaidi. "Unajua kitu gani kimenishikilia miaka hii yote pale kwenye makopo? Nilikuwa najiambia, bila mimi yule mwanamke hawezi. Atakuwa anahangaika. Watakuja kuniomba. Na wewe umeweza. Umeweza vizuri sana."

"Siwezi. Nikifika nyumbani siwezi kupanda ngazi. Nimepimwa chumba kimoja, cha kwanza cha siku! Tunafanya kumi na vinne."

"Hayo usiniambie mimi," Noreen alisema. "Mimi nina saa mkononi? Kawaambie wenye saa." Akapakua chakula sahani mbili, kwa kuwa hakuwa mtu wa kumfukuza mgeni na njaa. Walikula. Mlangoni Noreen alimfunga vifungo vya koti, kama alivyozoea, ila hakusema wataonana lini.

Jibu la London lilifika wiki iliyofuata. Hakuna jozi. Na kwa kuwa imethibitika, vyumba vitatoka kumi na vinne hadi kumi na sita kwa kila mtu.

Asubuhi hiyo Bernadette aliufunga mlango wa stoo ya mashuka kwa mgongo wake. Ndani walikuwa wanawake kumi na mmoja, na aliyekuwa karibu naye ni Danuta, Mpolandi mrefu wa miaka arobaini hivi, aliyeletwa baada ya korona na ambaye hakuwahi kuona kitanda kikitandikwa na wawili.

"Hii kumi na sita ni yangu mimi," Bernadette alisema. "Nilijitia ufundi. Nitukaneni sasa, halafu tuendelee."

Walimtukana. Kath wa orofa ya pili alimwita farasi wa maonyesho, na mwingine neno ambalo haliandikiki. Alipoona wamemaliza, alisema, "Ijumaa ya mbio za farasi hoteli imejaa hadi paa. Siku hiyo hakuna anayegusa kitanda peke yake. Wawili wawili, kama zamani. Kazi safi, bila kukimbia. Saa tisa zamu ikiisha, tunavua aproni. Kitakachobaki kimebaki."

"Watatufukuza," Danuta alisema.

"Siku ile? Atatandika nani? Thackray?"

Ijumaa hiyo ya Aprili, saa tisa mchana, wanawake waliotoka mapema kwenye mbio kule Aintree kwa mbwembwe, kofia kama masinia ya matunda na viatu mkononi, walijaa mapokezi wakidai funguo. Vyumba thelathini na kimoja vilikuwa havijaguswa. Bwana Thackray alipanda ngazi mbili mbili, akawakuta wahudumu wamejipanga kwenye korido ya orofa ya nne, aproni begani.

"Nani kawaambia mfanye hivi?"

"Wewe," Bernadette alisema. "Ulipenda kupima. Ulipima chumba. Leo pima siku."

"Bernadette, watu wamesimama kule chini!"

"Hata sisi tumesimama. Tangu saa moja asubuhi."

Alizitazama sura zile kumi na mbili. Kisha akajitenga na simu yake hadi mwisho wa korido, nao wakamsikia akisema "ndiyo, bwana" na "hapana, bwana" na "njoo basi uvitandike wewe, bwana." Aliporudi uso wake ulikuwa mwekundu hadi shingoni. Jozi, kuanzia leo. Kwa maandishi, Jumatatu. Watu sita wataitwa.

"Wa kwanza Noreen Lunt," Bernadette alisema.

"Wa kwanza Noreen Lunt."

Hakungoja Jumatatu. Alipiga simu palepale, wenzake wakishangilia nyuma yake, kidole kimoja amekitia sikioni. Noreen alisikiliza hadi mwisho.

"Umefanya vizuri, Bernie. Ungekuwa Everton ningekupenda zaidi."

"Utaanza lini?"

Kulikuwa na mlio wa makopo kugongana.

"Wamwite mwingine," Noreen alisema. "Hapa wananipa usimamizi wa zamu. Na bega... Hapana, si bega. Nikirudi nitakuwa nahesabu, unaelewa? Kila kitanda nitakuwa nahesabu zile dakika nne. Kafanye kazi, shoga. Watu wanasubiri vyumba."

Simu ikakatika. Vyumba vilibaki thelathini na kimoja, na wanawake walikubali kuvimaliza kwa malipo ya saa za ziada. Bernadette aliingia 412 na Danuta, ambaye tangu asubuhi alikuwa jozi na Kath. Akaenda upande wa mlango. Danuta akaangaza huku na huku, akazunguka akasimama upande wa dirisha, kwa kuwa ndio uliobaki. Shuka ikapaa, ikatua. Danuta alikuwa na mikono mizuri, imara. Ila pembe alikunja kuelekea nje, si ndani kama Noreen, jinsi alivyofundishwa kwao, na Bernadette alisimama akiitazama ile pembe muda mrefu.

"Nimekosea?" Danuta aliuliza.

"Hapana," Bernadette alisema. "Hujakosea. Vuta."