Uchafu Ndani ya Flashi

Nachukia uchafu, na unaonikera zaidi ni ule wa kompyuta, kwa sababu watu hawauoni. Flashi ikipita kwenye mashine tano inarudi imejaa vifaili vilivyofichwa, vyenye nukta mbele ya jina, ambavyo hakuna mtu aliyeviomba. Ukiiamuru mashine ivionyeshe, vinatokea vimefifia, vimejipanga kama mayai ya chawa kwenye mshono. Kichefuchefu kitupu! Hapa mtaani Mabanga, kwenye kibanda changu cha kupiga chapa na kutoa kopi, nasifika kwa hilo: Kaswera haachi hata kimoja.

Alhamisi aliingia Papa Dieudonné, mzee wa kutoka milima ya Masisi. Flashi yake alikuwa ameishonea ndani ya kola ya koti.

“Mama, humu iko sauti ya bibi yangu, mama ya batoto bangu, marehemu Valérie,” aliniambia. “Alibariki mutoto wetu Charline mbele ya kufa. Samedi, kesho kutwa, tunapokea mahari, bakwe bataisikia. Lakini nikiitia kwa baffle, muziki unakwama-kwama.”

Niliifungua. Kulikuwa na nyimbo kumi na mbili za kwaya, na nyuma yake vifaili arobaini vya takataka. Kila spika ilipojaribu kusoma kimoja, ilikwama.

“Papa, ulikuwa unatembea na choo ndani ya kola,” nilimtania, naye akacheka kwa aibu.

Sikuangalia majina wala ukubwa. Nilivichagua vyote kwa pamoja nikavifuta moja kwa moja, bila hata kuvipitisha kwenye pipa la mashine. Raha niliyoipata! Kisha, kwa wema wangu, nikamjazia nyimbo za harusi mpaka flashi ikajaa pomoni.

Tulizisikiliza zile kumi na mbili za kwaya, moja baada ya nyingine. Sauti ya Valérie haikuwemo.

“Moïse, kijana wangu, aliificha,” Papa akasema. “Ndani mama yake anataja ng’ombe zenye zilibakia, na fasi zenye zimefichwa. Kwa barrière ya njia ya Sake, batu ba bunduki banafungula kila flash. Moïse akatia nukta mbele ya jina, ionekane sawa ile takataka. Telefone yenye ilichukua sauti, balimunyanganya.”

Niligeuza kioo cha mashine upande wangu, nikatafuta programu ya kurudisha vilivyofutwa. Ilirudisha mikwaruzo mitupu, kwa sababu nyimbo zangu za harusi zilikuwa zimekwisha kukalia mahali pake.

Mzee alisimama akinitazama. Mdomo wangu ukajisemea wenyewe: “Papa, pengine bale ba barrière njo baliifuta.”

Hata hakushtuka. Hilo ndilo lililonichefua, jinsi uongo wangu ulivyomwingia kwa urahisi.

“Nilijua,” alisema, akajipangusa macho kwa kofia. “Basi uniandikie attestation, mama, na muhuri. Nitaisoma mbele ya bakwe. Basiseme Valérie alikufa bila kubariki mutoto wake.”

Nikaiandika. Niliandika kwamba sauti ya marehemu ilifutwa barabarani na watu wasiojulikana, na kila neno lilininukia. Nilipohifadhi waraka, mashine iliongeza yenyewe, kwenye maelezo yake ya siri: Mwandishi, Kaswera. Mstari huo huwa naufuta kwenye kazi ya kila mteja. Safari hii mkono ulikwenda mpaka pale ukarudi.

Nikachapa, nikapiga muhuri. Papa aliikunja karatasi mara nne akaitia kwenye mfuko wa shati, upande wa moyo.

“Aksanti sana, mama,” alisema. “Kwa hii safari yote, ni weye tu mutu safi nimekuta.”

Alitoka taratibu, akiangalia pasipo na matope pa kukanyaga. Kutoka kitini kwangu ningeweza kumwita, na angesikia. Nilibaki nimeshika muhuri.